Oili Iliyonuka Petroli

Shemeji yangu ana wivu, na nalisema hili mwanzoni kabisa nisije nikaonekana namsengenya huko katikati. Mgeni akimkuta amelala chali chini ya gari, ovaroli limelowa oili hadi makwapani, akitaniana na kila mteja, atamwona ni mtu mpole asiye na makuu. Na mpole ni kweli. Lakini jaribu kumtaja mke wake, sema tu umemwona mahali, uone atakavyochomoka huko chini. "Umemwona wapi? Alikuwa na nani?" Mke wake ni dada yangu wa tumbo moja, kwa hiyo maswali hayo nimeyajibu kuliko mtu yeyote, ukimtoa dada mwenyewe.

Mtaani wanamwita Kidole. Ukimpelekea gari hana haraka ya kufungua kitu. Anachomoa kijiti cha kupimia oili, anagusa ncha yake kwa kidole cha shahada, anaisugua ile oili taratibu kati ya kidole na gumba, anainusa, halafu anatazama juu kidogo na kutoa hukumu. Hii imeungua. Hii imeingia maji. Hii umeuziwa ya kuchakachua, tena na mtu unayemsalimia. Mara nyingi anapatia. Madereva wa teksi na wenye pikapu walikiamini kidole chake kuliko taa za dashibodi zao, ambazo nyingi zilikuwa zimeshakufa, na kwa magari makongwe kama yale kidole kilitosha.

Kwenye oili alikuwa na imani moja tu: oili ni nzito. Nyepesi aliiita maji ya kunawa.

"Injini ni chuma juu ya chuma, shem," alikuwa ananiambia. "Unaweka maji katikati, unategemea nini?"

Mimi nina duka lililoshikana ukuta na gereji yake. Nauza oili, filta, plagi, balbu, mipira ya waipa na vikorokoro vya namna hiyo, na mlango wangu wa nyuma unatokea kwenye shimo lake la kazi. Kwa hiyo hata rafu zangu zilifuata imani yake. Madumu ya nzito yalikaa mbele, usawa wa macho. Nyepesi ilikaa juu kabisa, inakula vumbi, na nilipanda ngazi kuifuta pale tu nilipokuwa sina mteja na nimechoka kukaa.

Halafu upande wa pili wa barabara, mkabala na sisi, ikafunguliwa gereji mpya. Sakafu ya vigae, taa nyeupe, viti vya wateja, na ndani fundi mmoja wa makamo, mwembamba, mwenye sauti ya chini. Huyu alikuwa anavaa glavu za bluu, na kila gari alilibadilishia jozi yake. Haikupita wiki mtaa ukampa jina: Glavu. Kidole alimtazama siku ya kwanza tokea shimoni akacheka mpaka akakohoa.

"Anaogopa oili, huyo! Atakuwa aliingia ufundi kwa bahati mbaya."

Kicheko hakikudumu. Glavu alikuwa na kawaida yake. Mteja akija, boneti haifunguliwi. Anamkalisha kwenye kiti na kumhoji: gari linakwenda wapi na wapi, safari fupi au ndefu, linabeba mizigo, linakaa kwenye foleni, linalala nje au ndani. Akimaliza hapo anaomba kitabu cha gari, anafungua ukurasa wa oili, anasoma, ndipo anakwenda kuchukua dumu. Wenye magari mapya wakaanza kuhamia kwake mmoja mmoja. Na oili alikuwa analeta mwenyewe kutoka kwa wakala, hata filta moja hakununua kwangu. Nilikuwa na wivu wangu wa biashara, sitaki kujifanya malaika. Ila wangu ulikuwa wa mchana tu, nikifunga duka nauacha humo ndani.

Sasa hapo ndipo dada aliponunua gari.

Dada ni mwalimu wa hesabu wa sekondari. Gari lenyewe dogo, la kisasa, injini ndogo yenye turbo, lina kiyoyozi kinachopuliza mpaka vidole vya miguu. Kidole alilizunguka siku ile akilipapasa kama ng'ombe wa mnada, na nilimwona amefurahi kweli. Matatizo yalianza oili ya kwanza ilipofika wakati wa kumwagwa. Yeye tayari alikuwa ameshika dumu la nzito. Dada alikuwa ameshika kitabu cha gari.

"Baba watoto, hapa wameandika nyepesi. Namba yake sifuri, ishirini."

"Hao wameandikia nchi za barafu."

"Hawajasema barafu. Wamesema injini hii njia zake za oili ni nyembamba, nzito inachelewa kufika juu."

"Mwalimu, miaka yote hii nakula na kuvaa kwa oili. Leo nifundishwe na kitabu?"

Wakavutana pale, na dada yangu akivutwa huwa hapigi kelele, anaondoka. Akachukua funguo, akawasha gari, akavuka barabara. Mtaa mzima ukamwona mke wa fundi anapeleka gari kwa fundi wa mbele. Madereva wa teksi wakapata habari ya kuchangamsha mwezi mzima. Mmoja alikuwa akija kwetu anauliza kwa adabu, "Fundi, leo unatengeneza wewe au tuvuke?"

Ningekuwa mimi ningeumia pia. Lakini mtu wa kawaida anaumia kazini, Kidole aliumia sehemu nyingine. Kutoka shimoni aliweza kuona viti vya Glavu, na kila dada akipeleka gari lake alimwona amekaa pale anazungumza, na Glavu amesimama, kichwa amekiinamisha, anasikiliza.

"Anamweleza nini mtu wa oili muda wote huo?" akaniuliza.

"Labda oili, shem."

"Oili haina maneno mengi hivyo."

Halafu ikaja habari ya kuchelewa. Shule ya dada si mbali, kwa gari ni mwendo wa kusikiliza nyimbo mbili. Lakini siku nyingi alikuwa anafika nyumbani nusu saa nzima baada ya wakati ambao Kidole alimtegemea. Watoto wao wako shule za bweni, nyumba ina watu wawili tu, na yeye mume ndiye anayetangulia kufika. Kwa hiyo alikuwa na nusu saa yake ya kusimama dirishani bila kazi, na mtu mwenye wivu usimpe nusu saa bure. Akachunguza akaona Glavu naye anashusha mlango wake wa chuma jioni ileile, anaondoka na pikipiki kuelekea upande uleule. Akajumlisha. Aliyesomea hesabu nyumbani kwao ni mke, lakini aliyekuwa akizipiga kutwa kucha ni mume.

"Shem, nusu saa inakwenda wapi?"

"Muulize mwenyewe."

"Namuuliza! Kila siku namuuliza! Anasema foleni. Foleni gani ya kila siku ambayo mimi siioni?"

Kweli alikuwa anamuuliza. Nilikwenda kwao jioni moja kupeleka sufuria ya dada nikashuhudia kwa macho yangu. Mwanamke hajavua viatu, mkoba bado begani, mume amesimama mlangoni. Umetoka wapi. Mbona muda huu. Njiani ulikutana na nani. Sauti hakupandisha hata kidogo, aliuliza kwa upole uleule anaoulizia wateja kama breki zinashika, na nadhani ndiyo maana mwenyewe hakuona ubaya wake. Dada alijibu jibu moja moja, akaniangalia, akaenda jikoni. Niliondoka mapema siku ile.

Ukiwa na wivu, kila kitu kinakuja kukutolea ushahidi. Kidole alipata nadharia yake ya oili, na aliponieleza alikuwa ameshaiamini tangu zamani. Kwamba Glavu anamwekea dada oili ya maji kwa makusudi, ili injini iwe inachoka haraka, ili gari lirudi kwake mara kwa mara, ili dada aendelee kukaa kwenye kile kiti.

"Anaharibu gari la mke wangu ili amwone," akasema. Macho yake yalikuwa mekundu na hakuwa amekunywa kitu.

"Shem, gari ni zima. Juzi tu nimepanda."

"Linaliwa ndani kwa ndani. Chuma hakilii siku ya kwanza."

Jumamosi moja akaingia dukani kwa mlango wa nyuma, akachukua dumu la nzito na filta moja ndogo. Nikamwuliza ni vya gari gani, maana filta ile siiuzi mara nyingi. Akasema kuna pikapu ya muuza matofali inakuja. Nikampa. Shemeji yangu hajui kudanganya, akidanganya anakuna shingo, na siku ile alijikuna mpaka nikadhani kaumwa na mbu. Nikaacha, nilikuwa na wateja wawili mbele yangu.

Yaliyofuata alinieleza mwenyewe baadaye. Jumapili mchana dada alilala baada ya kusahihisha mitihani. Kidole akachukua funguo ukutani, akaacha ujumbe kwamba anakwenda kuliosha gari. Akalipeleka gereji, ambayo Jumapili haina mtu, akaliweka juu ya shimo, akafungua nati ya chini. Oili ikashuka chapuchapu kama chai. Akaweka kidole. Nyepesi, nyepesi kupita hata ile niliyonayo mimi juu ya rafu. Akainusa.

Ilinuka petroli.

Alisema alikaa chini pale shimoni. Siku zote alikuwa anashuku tu, na sasa kidole chake kilikuwa kimemwambia. Mtu anamchanganyia mke wake petroli kwenye oili! Akabadilisha filta, akajaza nzito mpaka kwenye alama, akafunga. Halafu, kwa kuwa alikuwa ameandika kwamba anakwenda kuosha, akaosha. Akaosha kweli, na matairi, na mazulia, akafuta vioo kwa gazeti.

Jioni ile dada alinipigia simu. "Mwenzio leo nimeoshewa gari," akasema, na nilisikia anatabasamu. "Hata mazulia kayatoa. Labda ameanza kutulia." Nami nikafurahi naye, sikujua lolote.

Ulikuwa msimu wa baridi. Asubuhi gari likaanza kugonga likiwashwa, tak tak tak, kisha linanyamaza likishapata moto. Likawa zito kwenye kilima cha shule. Dada alivumilia siku kadhaa, maana alidhani ni baridi. Halafu siku moja mchana taa ya injini ikawaka kwenye dashibodi, na akalileta moja kwa moja kwa Glavu, mikono bado ina chaki.

Kidole aliisikia injini ile kabla hajaiona. Akapanda kutoka shimoni anafuta mikono, uso umemchangamka kuliko siku ya harusi yake, na harusini nilikuwepo.

"Shem, njoo uone. Maji yake yalishakula ndani, sasa chuma kinalia."

Akavuka barabara. Nikafunga droo ya dukani nikamfuata, kwa sababu namjua.

Kwa Glavu alikuwepo dereva mmoja wa teksi kwenye kiti, anasubiri gari lake huku anatazama simu. Dada alikuwa amesimama. Glavu alikuwa anauliza kama kawaida yake, limeanza lini, linagonga likiwa la baridi au la moto. Akachomoa kijiti, akakifuta, akakirudisha, akakichomoa tena. Oili ikang'ang'ania pale kwenye ncha, haikutaka kudondoka. Akaitazama kwa muda.

"Mwalimu, hii siyo oili niliyoweka mimi."

"Fundi, usinichezee," dada akasema. "Hakuna mtu mwingine aliyegusa gari hili. Wewe ndiye niliyekuamini, nikakubali kuchekwa na mtaa mzima kwa ajili yako, leo unaniambia siyo yako? Ni ya nani?"

Sauti ilikuwa imepanda. Dereva wa teksi akainua macho. Na hapo, jamani, shemeji yangu alikuwa na kila alichokuwa anakiomba usiku na mchana. Mke wake anamfokea Glavu mbele ya mteja. Angenyamaza tu, angesimama pale na mikono mfukoni, kazi ilikuwa imekwisha na hakuna ambaye angejua. Lakini wivu haukai kimya, unataka usifiwe.

"Ni yangu!" akasema. "Mimi ndiye niliyeweka!"

Dada akageuka.

"Jumapili," Kidole akaendelea, na sasa alikuwa anamhutubia dereva wa teksi kama vile ndiye hakimu. "Nimemwaga maji yake, nikaweka oili ya haki. Na nilipoimwaga niliishika kwa kidole hiki. Chai! Tena inanuka petroli! Muulizeni huyu bwana, anamwekea mke wa mtu petroli kwenye injini ili iweje?"

"Jumapili," dada akasema polepole. "Siku uliyonioshea gari."

Kidole akakuna shingo.

"Ndiyo maana ulinioshea gari."

Hakusema kwa ukali. Ningependa angesema kwa ukali. Nilimwona akiirudia ile Jumapili kichwani, mazulia, vioo, ile simu aliyonipigia, akiviondoa kimoja kimoja.

Glavu akavua glavu zake, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya mbele ya mteja. "Kidole chako hakijakosea, kaka," akasema. "Hata mimi nilipoimwaga ile ya mwanzo ilinuka petroli. Injini hizi mpya zina tabia hiyo. Gari likikaa limesimama huku linaunguruma, halafu safari zake zenyewe ni fupi, petroli kidogo inapenya inaingia kwenye oili. Inaipunguza uzito. Siyo kosa la oili. Ukiweka nzito unaongeza tatizo, haifiki juu kwa wakati, ndiyo hii kugonga. Dawa ni kutoliacha linaunguruma. Nilimwuliza mwalimu kama huwa linasimama hivyo mahali, akaniambia, nikampa ushauri."

"Linasimama wapi?" Kidole akauliza.

Glavu akamtazama dada. "Hayo siyo yangu kuyasema."

"Linasimama wapi?"

"Pale kona," dada akasema. "Nyuma ya duka la dawa, kabla hujaingia kwetu. Kila jioni."

"Na nani?"

Nikafumba macho. Katika maneno yote aliyokuwa nayo kinywani akachagua hayo mawili.

"Peke yangu," dada akasema. "Nafunga vioo, nawasha kiyoyozi, nakaa. Darasa zima linaniuliza maswali tangu asubuhi, na najua nikifika nyumbani umesimama mlangoni na ya kwako. Umetoka wapi, ulikuwa na nani, mbona muda huu. Basi nakaa kwanza nikusanye nguvu za kuyajibu."

"Lakini nakuuliza kwa sababu unachelewa!"

"Nachelewa kwa sababu unaniuliza."

Dereva wa teksi akarudisha macho kwenye simu yake kwa bidii sana, ingawa nilipokuwa nimesimama niliona kioo chake kimezima. Kidole alibaki amesimama katikati ya vile vigae na viatu vyake vya oili, amechora alama mbili nyeusi sakafuni, anazitazama. Sijawahi kumwonea huruma mtu na kutaka kumzaba kibao kwa wakati mmoja kama siku ile. Nusu saa yake yote ya dirishani, pikipiki ya Glavu, nadharia, ushahidi, vyote vilikuwa vimeegeshwa hatua chache kutoka dirisha lake, na mwanamke amekaa ndani amefumba macho.

Kisha akasema, kwa sauti ambayo sikuizoea, "Ngoja niitoe mwenyewe." Glavu akamwachia. Akaingia chini ya gari, akaimwaga ile nzito yake, na ilitoka kwa shida, inajivuta. Glavu akamletea kitabu cha gari, ukurasa umeshafunguliwa, akausoma midomo ikicheza. Akajaza nyepesi. Dada alikaa kwenye kiti amempa mgongo mpaka alipomaliza, akachukua funguo, akarudi shuleni.

Tangu siku hiyo shemeji yangu akawa mtu mwingine kazini. Asubuhi iliyofuata aliniambia nishushe nyepesi kutoka juu. "Ziweke mbele, shem, zote mbili mbele." Mteja akija na gari jipya, kidole kinakaa mfukoni kwanza. "Linakwenda wapi gari hili, mzee? Kitabu chake unacho?" Madereva wa teksi walicheka wakachoka. Mauzo yangu yakapanda, na siku nyingine nilimwona yeye na Glavu wamesimama katikati ya barabara wanabishania filta kwa amani.

Na nyumbani akaacha kuuliza. Alijiapiza. Dada alipomwambia mitihani inakaribia, kuna masomo ya ziada, huenda atachelewa siku nyingi, alisema tu, "Sawa, mwalimu, kazi njema." Alikuja kunisimulia asubuhi yake kama mtu aliyebeba gunia la saruji.

"Sikuuliza, shem. Hata neno moja."

"Vizuri."

"Kwani masomo ya ziada ni kila siku?"

"Shem!"

"Nakuuliza wewe, simuulizi yeye."

Ikafika zamu nyingine ya oili. Kidole alimbembeleza dada muda mrefu ampe yeye kazi hiyo. Aliahidi nyepesi, aliahidi kitabu, akanunua hata glavu. Dada akakubali, akalileta gari kwetu mchana mmoja, mtaa ukaona, na mimi nikamwekea kiti ndani ya duka nikampa chai. Huko nyuma tulimsikia Kidole anafungua nati. Halafu akaniita kwa mnong'ono kupitia mlango wa nyuma, nikaenda.

Alikuwa shimoni ameshika beseni la oili iliyotumika kwa mikono miwili. Zile glavu alizonunua alikuwa amevaa moja tu, mkono mmoja. Ule mwingine ulikuwa mtupu, na kidole cha shahada kilikuwa cheusi.

"Nusa, shem."

"Ninuse nini?"

"Nusa tu." Nikainama nikanusa. Oili tupu. "Unaona? Hakuna petroli! Hata chembe! Hakai tena pale kona. Ni kweli yuko kwenye masomo ya ziada." Macho yake yalikuwa na machozi, wallahi. "Nilipoacha maswali, akaacha kukaa. Ni kweli, shem, ni kweli yote."

Nikampiga bega nikarudi dukani. Dada alikuwa anapuliza chai yake, hakunitazama.

"Ameinusa?" akauliza.

"Ameinusa."

"Nilijua. Unafikiri alikuwa anabembeleza kazi?"

Nikakaa kwenye dumu mbele yake. "Dada, hayo masomo ya ziada yapo?"

"Hayapo."

"Lakini amefunga mdomo wake, kama alivyojiapiza."

"Mdomo ameufunga. Siku hizi ananiuliza kwa macho, kuanzia getini mpaka mezani, na ya macho hayana jibu la kumpa." Akanywa chai kidogo. "Bado nakaa pale. Ila siku hizi nazima injini."

Kule nyuma Kidole alikuwa ameanza kuimba. "Shem!" akaita. "Lete dumu la nyepesi! Na mwambie mwalimu gari lake liko safi!"

Dada akanitazama kwa mara ya kwanza tangu aingie. Nikainuka, nikachukua dumu, nikampelekea Kidole shimoni.

"Umemwambia?" akaniuliza.

"Nimemwambia," nikasema.